Mwalimu Aliyetuanzisha kwa Mfupa wa Mbuzi

Siku ya kwanza nilipoingia katika chumba chake nyuma ya kanisa, nilikuwa nimebeba mkasi mpya, utepe wa kupimia na kitambaa cha kitenge cha wax ambacho mama yangu alikuwa ameninunulia ili nijishonee gauni kabla ya Pasaka. Mama Mwalimu alivipokea vyote kwa mikono miwili, akashukuru, akavifungia kabatini. Kisha akaniwekea mkononi mfupa wa mguu wa mbuzi.

"Hii ni nini, Mama?"

"Ni sindano yako."

"Lakini ni mfupa."

"Saa hii ni mfupa. Utausugua ku jiwe mpaka ikuwe sindano. Batu ya zamani balianza vile. Weye ni nani, hata uanze na mkasi?"

Alifundisha ushonaji katika parokia yetu hapa Likasi, Kongo, kwa miaka mingi sana, na kila mtu alimwita Mama Mwalimu, hata padri, hata shemeji zake. Wanafunzi wa shule nyingine za ushonaji mjini walikuwa wakishona sketi katika juma la pili. Sisi hatukugusa cherehani mpaka mwezi wa tano. Mama Mwalimu aliamini kwamba mtu hawezi kushona vizuri kama hajapitia mwenyewe kila njia ambayo wanadamu waliipitia tangu walipoacha kutembea uchi. Kwa hiyo mwaka wetu wa masomo haukugawanywa kwa miezi. Uligawanywa kwa enzi.

Enzi ya mfupa ilikuwa mbaya zaidi kwa sababu ya mbwa. Tulirudi nyumbani na mifupa mikobani, na mbwa wa mtaa mzima wakatusindikiza. Baba yangu, aliyekuwa akifanya kazi kiwandani na kurudi amechoka, alinitazama majuma mawili nikisugua mfupa kwenye ngazi ya mlango, kisha akamwita mama pembeni. Nilimsikia akisema, "Una hakika ni kushona banamufundisha? Haiko buganga?"

Baada ya hapo ikaja enzi ya gome. Tuligonga magome ya mti kwa nyundo za mbao nyuma ya kanisa, ili yalainike yawe nguo kama walivyofanya mababu. Kiongozi wa kwaya alikuja amekasirika kwa sababu tulikuwa tunamharibia mazoezi. Alisimama, akatusikiliza, kichwa kikaanza kutikisika chenyewe, akarudi kanisani. Jumapili iliyofuata kwaya ilikuwa na wimbo mpya wenye mdundo wetu.

Katika enzi ya Misri, Mama Mwalimu alitaka tuelewe jinsi kitani kilivyotumika kuwavika wafu wakubwa. Tulimchukua mwenzetu mmoja, mwanamke mnene mpole, tukamzungushia mashuka yaliyochanwa kuanzia miguuni mpaka puani, tukamkalisha kwenye kiti. Katekista akafungua mlango kuomba chaki. Yule maiti, kwa kuwa alikuwa na adabu, akamwambia, "Yambo, papa." Chaki hatukuiona ikiombwa tena mwaka ule wote.

Enzi ya Uchina ilidumu siku tatu. Mama Mwalimu alikuwa ametueleza jinsi hariri inavyotoka kwa kiwavi, na jinsi Wachina walivyoificha siri hiyo kwa karne nyingi, na mtu aliyethubutu kuitoa nje alihatarisha kichwa chake. Hariri hatukuwa nayo, lakini viwavi tulikuwa nao, wale wa kuliwa tunaowaita binkubala. Alinunua nusu ndoo sokoni wakiwa bado hai, akawaweka katika sanduku lenye majani, akatuamuru tuwachunge ili tuone kama watasokota chochote. Kila jioni mwanafunzi mmoja aliwapeleka nyumbani kwao. Siku ya tatu zamu ilimwangukia msichana ambaye mama yake hakuwa ameelezwa. Asubuhi alirudi na sanduku tupu na bakuli lenye kifuniko.

"Iko wapi hariri?" Mama Mwalimu akauliza.

"Mama aliipika, na nyanya na kitunguu."

Mama Mwalimu akafunua bakuli, akanusa. Akaomba chumvi. Tukala enzi ya Uchina, na kesho yake tukahamia Ubelgiji.

Ubelgiji aliupenda kwa sababu moja tu, yale mazulia makubwa ya ukutani yaliyofumwa kwa sufu na kutundikwa katika majumba ya wakuu. Alitueleza kwamba nyumba zile zilikuwa za mawe na baridi ilipita ukutani, basi wenyewe wakaona heri ukuta uvae. "Muntu anashonea mukubwa koti, sawa," alisema huku akipiga ukuta wa darasa kwa kofi. "Anashonea mutoto, sawa. Bale bantu balishonea ukuta! Mupime basi ukuta, mabega yake iko wapi?" Tulipima kweli. Bado ninayo ile karatasi yenye vipimo vya ukuta.

Alizungumza hivyo kwa shida, kwa kuwa mdomoni daima alikuwa na pini, sita au saba, zikitokeza pembeni ya midomo. Herufi ya p ilimshinda kabisa, na mwanafunzi mgeni alihitaji mwezi mzima kumwelewa. Sindano zake alizichomeka katika kilemba, zikiwa na uzi wa rangi mbalimbali, na alisahau kuzitoa anapokwenda misa. Wakati wa kupeana amani, waumini walimkaribia kama mtu anavyomkaribia nungunungu, wakampa ncha za vidole. Mgeni mmoja kutoka Lubumbashi, ambaye hakuonywa na mtu, alimkumbatia kwa upendo wa kikristo. Alilia katikati ya sala, na watu wakadhani ameguswa na Roho.

Neno lake kubwa lilikuwa "Fumua." Mshono ukipinda kwa nusu unywele, fumua. Alilitumia hata nje ya kazi. Hotuba ya mtu ikianza vibaya mkutanoni, ungesikia nyuma yako, kupitia pini, "Fumua, uanze upya." Katika harusi ya mwenzetu mmoja, bwana harusi alipochelewa karibu saa nzima, Mama Mwalimu alimwinamia bibi harusi akamnong'oneza, "Bado tunaweza kufumua, binti yangu." Bwana harusi alifika wakati uleule akisukuma pikipiki iliyoishiwa mafuta.

Usidhani kwamba alikuwa mtu wa msimamo mmoja. Alitusimulia kwa furaha jinsi mafundi wa Ufaransa walivyovamia karakana ya mtu aliyevumbua cherehani wakazivunjavunja mashine zake, na alipofika pale pa kuvunja aliinua ngumi. Lakini cherehani yake mwenyewe, nyeusi, yenye maua ya dhahabu yaliyofutika, aliipaka mafuta kila Jumamosi na kuifunika kwa kitambaa cha ubatizo. Alikataa zipu, akisema zipu ni meno na meno hayakai katika nguo. Hata hivyo mtu mmoja alimletea zawadi ya begi lenye ule utepe unaonata, unaofunguka kwa mlio wa kuchana, naye akaupenda kama mtoto. Aliufungua na kuufunga barabarani, sokoni, na mara moja padri alipokuwa ameinua kikombe. Krrraaa. Padri alisimama na mikono juu, akasubiri. Krrraaa, akaufunga. Misa ikaendelea.

Kulikuwa na enzi moja tu ambayo hakuifanyia mzaha, nayo ni enzi ya rafia, zile nyuzi za majani ya mwale. Alikuwa na kipande cha mraba, kikubwa kama mto wa kulalia, cha rafia iliyotariziwa mpaka ikawa laini kama mahameli, kwa mtindo wa Kasai. Alitufundisha kwamba huko wanaume ndio waliofuma na wanawake ndio waliotarizi, na kipande kama kile kilikula miezi ya maisha ya mtu. Alituruhusu kukigusa kwa mgongo wa mkono tu. Siku hiyo alitoa pini zote mdomoni. Msichana mmoja akauliza kinaweza kuuzwa bei gani. Mama Mwalimu hakumfokea. Alikikunja polepole na kukirudisha kwenye karatasi yake.

Mwaka wetu ulipokaribia mwisho, rais wa komite ya parokia alikuja darasani. Alikuwa karani mstaafu, mrefu, msafi, mwenye suti moja maarufu ya kijani inayong'aa kama chupa. Alizungumza kwa heshima. Komite ilikuwa imeamua kukigeuza chumba chetu kuwa ukumbi wa sherehe.

"Sisi tutaenda wapi, Papa Prezida?" Mama Mwalimu akauliza.

"Mama Mwalimu, tuseme ukweli. Batoto banakuwa hapa mwaka muzima, na mwishoni banatoka na nini? Mifupa. Batu banacheka. Munionyeshe kazi moja tu ya kweli, minye mwenyewe nitawatetea."

"Utupe mpaka fete, ile sikukuu ya parokia."

"Fete iko karibu sana."

"Njo vile. Utupe mpaka pale."

Alipoondoka, Mama Mwalimu alikaa kwenye kiti na kwa mara ya kwanza nilimwona anaogopa. Pini zilikuwa zikigongana mdomoni. Kisha akasimama, akachukua nakala yake ya ile karatasi ya vipimo vya ukuta, akasema, "Tutashonea kanisa koti."

Tulifungua magunia ya unga, tukayafua, tukayaunga mpaka yakawa kitambaa kirefu cha kuenea ukuta mzima wa kulia wa kanisa. Juu yake tulitarizi historia yote ya nguo, kuanzia Adamu na Hawa wakishona majani ya mtini. Mama Mwalimu alishikilia kwamba hiyo ndiyo kazi ya kwanza ya sindano iliyoandikwa, na kwamba Hawa alishona na Adamu alishikilia tu uzi. Wakafuata watu wa mfupa, watu wa gome, maiti wa Misri mwenye uso wa mwenzetu mpole, Wachina na viwavi wao, ukuta wa Ubelgiji umevaa koti lenye vifungo, na mwisho sisi wenyewe na cherehani nyeusi. Tulishona asubuhi mpaka giza, tukala hapohapo, vidole vikavimba. Mama zetu walikuja kututafuta, wakaona kazi, wakavua viatu wakakaa kushona nao.

Vitambaa vya kubandika vilitoka kwenye pipa la mabaki. Kila nguo iliyowahi kuingia chumbani kwa marekebisho ilikuwa imeacha kipande pale, kwa kuwa Mama Mwalimu hakuweza kutupa hata kilicho kidogo kama ukucha. Lakini sehemu ya rafia ilibaki tupu. Rafia ya sokoni ilikuwa ngumu, na mkono wetu haukuweza kutarizi kama ilivyotakiwa kwa muda uliobaki. Siku tatu kabla ya fete tulimkuta asubuhi amekwisha kufungua ile karatasi yake. Kipande chake cha mahameli kilikuwa juu ya meza, na mkasi ulikuwa wangu, ule mpya niliofika nao. Hakutuomba ushauri. Alikata. Mkasi ulipopita katikati alifumba macho, na sote tukafumba pamoja naye. Kisha akatugawia vipande tushone.

Asubuhi ya fete fundi wa umeme alipanda ngazi kuitundika kazi yetu. Mara ya kwanza aliitundika kichwa chini, Adamu na Hawa wakiwa wamening'inia kama popo. Akafumua, akaanza upya. Kanisa lilipojaa, watu walikuwa wakigeuza shingo ukutani na kunong'ona, na sauti zao zilikuwa nzuri. Tulianza kushusha pumzi.

Ndipo rais wa komite alipopita mbele kusoma matangazo. Alisimama mahali pake pa siku zote, kulia, karibu na ukuta. Jua lilikuwa linaingia dirishani. Pembeni ya kichwa chake, juu ya mti wa Adamu na Hawa, alikuwepo nyoka wetu, wa kijani, anang'aa kama chupa. Na rais mwenyewe, kwa kuwa ilikuwa fete, alikuwa amevaa ile suti.

Katika benchi la mbele alikaa bibi kizee mmoja mwenye masikio mazito, ambaye alidhani ananong'ona kila aliposema kwa nguvu. Akamwuliza jirani yake, "Eh! Juu ya nini nyoka anavaa bilamba ya Prezida?"

Kanisa lilicheka mpaka ndege wakatoka darini. Padri alificha uso ndani ya kitabu, na kitabu kikawa kinatetemeka. Rais aligeuka, akamtazama nyoka, akajitazama mkono wa koti, akamtazama nyoka tena. Akakunja karatasi ya matangazo akatoka nje.

Baada ya misa alitungojea uani, na mke wake kando.

"Mama Mwalimu, ulinifanya shetani mbele ya batu yote!"

"Hapana, Papa. Haiko weye. Ni suruali yako tu."

"Suruali yangu?"

"Ulileta tuikate juu ilikuwa murefu. Kipande kilibakia. Kijani ya kung'aa hatukuwa na ingine. Nyoka atakuwa rangi gani, rozi?" Alikuwa amesema kweli tupu, kwa uso mkavu, na nadhani hakuwa ameona kabisa kufanana kule mpaka bibi kizee aliposema.

"Mukitoe ile kintu leo. Na chumba, muniachie funguo."

Mmoja wetu akaanza kulia. Mke wa rais aliingia tena kanisani peke yake. Alikaa humo kitambo. Aliporudi, macho yake yalikuwa mekundu.

"Nani aliweka ile ya rafia?" akauliza.

"Ni minye," Mama Mwalimu akasema.

"Ulikata ya kweli?"

"Niliikata."

Yule mama akamkumbatia, na sindano za kilemba zikamchoma, hakujali. "Bibi yangu alikuwa na ya vile. Tuliiweka naye mu kaburi. Sikuona ingine tangu ile wakati." Kisha akamgeukia mumewe. "Papa, uliomba kazi ya kweli. Iko mule ndani. Kubadilisha kostimu ni rahisi kuliko kubadilisha ile."

"Na minye nitavaa nini?"

"Ile ya buluu. Kijani haikukuwa inakupendeza hata siku moja, nilikuwa nakuonea huruma kukuambia."

Rais akaushika mkono wa koti lake, akaukagua. Alikuwa mtu wa haki, kwa shida, lakini wa haki. Mkutano wa komite ulipofika aliinuka amevaa buluu, akatutetea kama alivyoahidi, na chumba kikabaki chetu. Siku chache baadaye mke wake alituletea suti yote ya kijani ndani ya mfuko. "Mumuongezee nyoka," akasema. Tulimwongezea. Koti lilikuwa kubwa na Mama Mwalimu hakupenda kubakisha, basi nyoka akashuka kutoka mtini, akapita kati ya watu wa gome, akamzunguka maiti wa Misri, akatambaa Uchina yote, na mkia wake uliishia Ubelgiji. Watoto wa katekisimu mpaka leo hudhani Biblia ndivyo inavyosema.

Baadaye nilifungua karakana yangu ya sare za shule na za wafanyakazi, na Mama Mwalimu akazeeka. Mtoto wa jicho alimziba macho yote mawili. Alikabidhi darasa kwa mmoja wetu akahamia kwa mpwa wake, katika kijiji cha kando ya ziwa Tshangalele. Nilijiambia nitakwenda kumwona, nikaahirisha, unajua kazi zilivyo. Mwaka jana nilikwenda Kapolowe kupeleka sare, na safari hiyo nikachukua pikipiki mpaka kijijini kwake. Njiani nilijiandaa kumkuta amelala kwenye mkeka, mwenye huzuni, nikafikiria maneno ya kumfariji.

Nilimkuta ameketi chini ufukweni kati ya wanaume watatu, nyavu zimemfunika mpaka kiunoni, akigombezwa.

"Mama, hii fundo ni ya nini?" mmoja wao alikuwa anasema, mtu wa makamo mwenye uso wa hasira. "Nilikuambia macho ya wavu ikuwe sawa. Hii samaki atapita na familia yake yote!"

"Unisamehe, fundi," Mama Mwalimu akasema.

Miaka yote ile sikuwahi kumsikia akimwomba mtu msamaha kwa kazi ya mikono. Nilijitambulisha. Akanipapasa uso, akafurahi, akanivuta nikae. Nikamwuliza kwa nini nyavu.

"Vidole binaona," akasema. "Tena nilifundisha historia yote na sikupita kwa nyavu. Mafundo ya vile, batu balifunga kabla hata ya kufuma. Miaka yote niliruka enzi nzima, na hakuna mumoja kati yenu aliniambia!" Kisha akapunguza sauti. "Leo balitoka na wavu yenye minye nilitengeneza. Ni mara ya kwanza. Mbele ya leo fundi alikuwa anafungua yote nyuma yangu, anazani siyui."

Mikono yake haikutulia. Kila mtumbwi uliposogea aliinua kichwa. Nilianza kumpa habari za wenzetu, nani ameolewa, nani ana duka, naye akaitikia "ndiyo, ndiyo" bila kusikiliza. Mwishowe vijana wawili waliburuta mtumbwi mchangani, na yule fundi akainuka akaenda kuukagua wavu. Mama Mwalimu alisimama pia, akanishika mkono kwa nguvu mpaka ukaniuma.

"Fundi," akaita. "Ile kipande yangu?"

Fundi aliupitisha wavu mikononi, jicho kwa jicho, bila haraka.

"Ilishika," akasema.

"Kulikuwa samaki?"

"Mbili."

"Kubwa?"

"Moja kubwa. Ingine mutoto."

"Sema kwa nguvu, fundi. Niko na mugeni."

Yule mtu alinitazama, akamtazama yeye, akasafisha koo, akatangaza kwa sauti ya kusikika ng'ambo ya pili ya ziwa kwamba kipande cha mama kilishika na samaki walikuwa wawili. Watu waliokuwa wakifua wakageuka.

"Lakini fundo bado zinakuwa kubwa," akaongeza. "Kesho uje saa moja. Usichelewe."

"Ndiyo, fundi," Mama Mwalimu akasema, akajivutia kitenge usoni ili asionekane jinsi alivyokuwa anacheka.